Shimo la Pili Kutoka Kushoto

Ndugu, jamaa, majirani na wote mliofika kumsindikiza mzee wetu, familia inaomba msogee penye kivuli na wenye simu wazinyamazishe, ili isomwe historia ya baba, ambayo yeye mwenyewe aliagiza isizidi kurasa nne zilizopigwa chapa kwa nafasi moja na nusu, nasi tumejitahidi, ingawa kesi yake peke yake imejaza masanduku mawili. Anayesoma ni binti yake wa pili, na amepewa kazi hii si kwa sababu ana sauti nzuri kuliko ndugu zake, bali kwa sababu katika yatakayosomwa humu kuna jambo moja lililofanywa na yeye, na ndugu zake waliona ni haki alitamke kwa mdomo wake.

Baba alizaliwa Jumapili, tarehe 9 Machi 1947, mtoto wa tatu kati ya sita wa fundi viatu na mkewe mkulima wa mboga, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya ghala la pamba, na tarehe hiyo tunaijua kwa hakika, tofauti na wazee wengi wa rika lake, kwa kuwa babu aliichora kwa ncha ya msumari ndani ya kifuniko cha sanduku lake la vifaa siku ile ile, kabla hata hajaingia chumbani kumtazama mtoto. Kifuniko hicho kipo nyumbani mpaka leo, na baba alipenda kuwaonyesha wageni, akisema kwamba yeye aliingia kwenye kumbukumbu kwanza ndipo akapewa jina, na sisi watoto tulikuwa tunaondoka sebuleni mmoja mmoja maana tulishayasikia hayo mpaka basi.

Alisoma shule ya msingi kuanzia Januari 1955 hadi Desemba 1962, akaendelea na shule ya kati miaka miwili, kisha akakaa nyumbani mwaka mmoja akimsaidia babu kushona soli, na Januari 1966 akajiunga na chuo cha uchapaji, ambako alikuwa mwanamume pekee katika darasa la wasichana kumi na tisa, wakamtania mpaka wakachoka, kwa sababu alimaliza Novemba 1967 akiwa anapiga maneno hamsini na tano kwa dakika bila kutazama vidole, na hakuna hata mmoja wao aliyefika hamsini.

Tarehe 2 Januari 1968 aliajiriwa mahakamani kama mpiga chapa, akapewa meza ya pili kutoka dirishani katika chumba cha masijala, mashine nzito ya chuma ambayo herufi yake ya M ilikuwa inapanda juu kidogo ya wenzake, na kabati la faili ambalo droo yake ya chini haikufungwa sawasawa mpaka alipostaafu. Kazi yake ilikuwa kuchukua maandishi ya mkono ya mahakimu, yale waliyoandika wakati mashahidi wanasema, na kuyageuza kuwa mwenendo wa kesi, yaani kumbukumbu rasmi ambayo mahakama za juu zingesoma kama kuna aliyekata rufaa, na kila karatasi aliipiga na nakala mbili za kaboni chini yake, hata asipoambiwa, ndiyo maana wenzake wakamwita Nakala Tatu, jina lililomfuata sokoni, harusini na mpaka kwenye kadi yake ya hospitali, ambapo karani mmoja mgeni aliliandika kama jina la ukoo. Nyumbani pia tuliishi kwa nakala tatu, orodha ya vitu vya dukani nakala tatu, barua ya kumwombea mtoto ruhusa shuleni nakala tatu, na siku kaka yetu mkubwa alipokatazwa kutoka nje kwa kuvunja taa ya jirani, adhabu yake ilipigwa chapa, akasaini, akapewa nakala yake.

Kuna jambo moja la kazi yake ambalo hakulisema hadharani, na tunalisema leo kwa kuwa halimdhuru tena. Mahakimu ni watu, huchoka, huandika Jumanne badala ya Jumatano, huandika mlango wa mashariki wakati shahidi alisema magharibi, na baba, alipoona kosa la namna hiyo, hakulipiga chapa likaenda, bali alichukua penseli, akaweka alama ndogo pembeni, akapita mlango wa nyuma mpaka ofisini kwa hakimu, akasimama kimya mpaka aulizwe, kisha akasema, "Mheshimiwa, nadhani hapa kalamu iliteleza." Hakimu alitazama, akasahihisha, akaweka sahihi yake ndogo, na hakuna aliyejua, wala wadai wala mawakili, kwamba mashamba na nyumba za watu zilikuwa zimepona kwa penseli ya mpiga chapa. Alifanya hivyo miaka thelathini na minne. Lakini mwaka 1999, alipoletewa msichana kutoka chuoni amfundishe kazi, kwa kuhofia kwamba mtoto mgeni akianza kugusagusa maneno ya mahakimu ataharibu zaidi ya atakachotengeneza, alimfundisha kinyume kabisa, akamwambia, "Wewe si hakimu, binti, ukipewa nukta weka nukta, usipopewa usiweke, na usiongeze wala usipunguze hata neno moja." Msichana yule alishika mafundisho hayo yote. Yupo hapa nasi, safu ya pili, na yeye ndiye mpiga chapa mkuu sasa.

Baba alifunga ndoa na mama yetu Jumamosi, tarehe 14 Desemba 1974, baada ya kumpelekea suruali ile ile kupunguzwa kiuno mara tatu, kwa kuwa mama alikuwa fundi cherehani kando ya kituo cha mabasi na baba hakupata kisingizio kingine cha kusimama mbele ya mashine yake, mpaka mama akamwambia kwamba akiipunguza tena mara ya nne itamfaa mtoto, basi bora aseme alichokuja kusema. Walijaliwa watoto wanne, wa kwanza 1976, wa pili 1978, wa tatu 1981, ambaye alituacha akiwa na miezi saba, na wa nne 1985, na wameacha wajukuu saba.

Tarehe 6 Aprili 1979 walinunua kiwanja kwa seremala mmoja mzee aliyekuwa akipunguza ardhi yake, na hapa tunaomba msikilize kwa makini kidogo, maana maisha ya baba yalikuja kuzunguka sentensi moja ya mkataba huo. Kiwanja kinashuka kutoka barabarani kwenda kijitoni, barabara iko juu, kijito kiko chini, na katikati ya ardhi ile ya seremala kulikuwa na mashimo mawili ya kupasulia mbao, yale ambayo mpasuaji mmoja husimama ndani na mwenzake juu. Seremala alisema, na baba akapiga chapa kwa mkono wake, nakala tatu, kwamba mpaka wa kiwanja ni shimo la pili kutoka kushoto, ukiwa umesimama barabarani na kutazama kijito. Nyumba yetu ikajengwa kushoto, na yale mashimo mawili, na uwanja wa hatua kumi na mbili uliokuwa kati yake, vyote vikawa upande wetu mpaka kwenye ukingo wa shimo la pili. Mwaka 1983 seremala aliuza sehemu ya kulia kwa jirani yetu, ambaye wote mnamjua kwa jina la Bwana Greda kwa kuwa aliendesha greda la idara ya barabara miaka ishirini na miwili, na mkataba wake yeye ulisema tu kwamba ardhi yake inakuja mpaka shimoni, bila kusema shimo lipi. Waliishi kwa salama na amani miaka ishirini na minne, wakiazimana ngazi na kutaniana juu ya kukoroma kwao.

Katika uwanja ule wa kati ya mashimo ndipo mama alipoweka cherehani yake jioni, kwa sababu jua liliondoka pale mapema, na ndipo alipochagua kulala. Alipoanza kuugua, alimwonyesha baba kwa kidole cha kuvaa tondoo ya kukinga sindano, akasema, "Mimi hapa, na wewe kulia kwangu, maana sikio la kushoto umeshalichosha." Alifariki Jumamosi, tarehe 21 Agosti 2004, akazikwa pale, na baba alimwomba fundi mwashi atandaze saruji ya watu wawili, upande mmoja juu ya mama, upande mwingine mtupu, futi nne kwa saba. Kila Jumamosi asubuhi alifagia pande zote mbili. Hakuwahi kutuomba kitu kingine kikubwa katika uzee wake, hakutaka safari, hakutaka nyumba mpya, alitaka tu kwamba siku yake ikifika awekwe upande ule mtupu.

Mwaka 2007 Bwana Greda alijenga upya uzio wake uliokuwa umeanguka, akaujenga kwenye shimo la kwanza, la jirani na nyumba yetu, akisema mkataba wake unasema shimoni na shimo ni hilo, na kaburi likabaki ndani ya uzio wake. Hatusemi kwamba alikuwa mwizi, yupo hapa na anajua hatujawahi kumwita hivyo, kila mtu alikuwa na karatasi yake na kila karatasi ilisema kweli kadiri ilivyoweza. Walizungumza, wakashindwana, na tarehe 11 Februari 2008 baba alifungua kesi katika mahakama ile ile aliyoitumikia, akakataa wakili, akasema miaka thelathini na minne ya kusoma kesi za watu inamtosha. Tulimsihi, tukampigia magoti, kaka yetu akamletea wakili mpaka sebuleni, baba akampa chai, akamsahihishia tarehe mbili katika barua aliyokuja nayo, akamsindikiza getini.

Hakimu aliona kwamba mashahidi wanapingana juu ya mashimo, akaamua kufika mwenyewe kuona, jambo ambalo mahakama hufanya katika kesi za ardhi, na siku ikapangwa kuwa Jumanne, tarehe 19 Mei 2009. Usiku wa kuamkia siku hiyo mvua ilinyesha kubwa, barabara ya juu ikawa tope la kufika vifundoni, na binti yake wa pili, huyu anayesoma, akaona haya kwamba hakimu na karani wake watafika kwetu na viatu vilivyoharibika, akaenda mpaka njia panda, akausimamisha msafara, akawaelekeza wazunguke wapite chini, wavuke kijito kwa daraja la mbao, waingie kwa nyuma. Alifagia hata lile daraja. Hakuna aliyemtuma.

Kwa hiyo hakimu alisimama chini, mgongo wake kwa kijito na uso wake kwa barabara, akafungua mkataba, akasoma kwamba mpaka ni shimo la pili kutoka kushoto, akanyoosha kidole kushoto kwake, akahesabu shimo la kwanza, ambalo kwa aliye barabarani ndilo la pili, akahesabu la pili, ambalo ndilo la kwanza, akaandika. Baba alikuwa amesimama hatua nne kutoka pale. Aliona. Alituambia baadaye, wala hakuwahi kujitetea kwa hilo, kwamba aliiona kalamu ikikosea kama alivyoona kalamu za mahakimu wengine sita zikikosea, na hakusema neno, kwanza kwa sababu katika maisha yake yote hakuwahi kumsemesha hakimu kabla ya kuulizwa, na pili kwa sababu alijua kwamba maandishi yale yatapita mezani kwa mpiga chapa, na mpiga chapa ataona kwamba hayapatani na mkataba, atachukua penseli, atapita mlango wa nyuma. Hakimu alipomaliza aliuliza pande zote mbili kama kuna la nyongeza. Baba akajibu, "Hapana, mheshimiwa." Jibu hilo nalo likaandikwa.

Na mpiga chapa alipiga chapa kila neno kama alivyofundishwa, bila kuongeza wala kupunguza. Hukumu ilisomwa Jumanne, tarehe 8 Septemba 2009, ikasema kwamba mahakama ilifika, ikaona kwa macho yake, mpaka ni shimo lililo karibu na nyumba ya mdai, na kwamba ndani ya ardhi ya mdaiwa kuna kaburi moja. Baba alirudi nyumbani akaketi kwenye kiti cha jikoni na kofia yake kichwani, na alipoulizwa kulikoni alisema tu kwamba mama yetu amehamishwa.

Mpiga chapa alikuja nyumbani wiki hiyo, akalia mpaka kanga ikaloa, akasema aliliona lile kosa, aliliona wazi, akakaa na karatasi ile siku nzima, lakini akayakumbuka maneno ya mwalimu wake. Baba alimpa maji ya kunywa, akamwambia amefanya vyema. Baada ya kuondoka kwake ndipo baba alipopandwa na hasira, na haikuwa juu ya yule binti, alizunguka uwanja akijisema mwenyewe kwa sauti, maneno ambayo hatutayasoma mbele za watoto.

Alikata rufaa, akaandika sababu kumi na saba, akazipiga chapa mwenyewe, na rufaa ikasikilizwa baada ya miaka karibu mitatu. Sisi tusiojua sheria tulidhani kwamba mahakama ya juu ipo kwa ajili hiyo, kwamba ukisema jamani, hakimu alihesabu akiwa ametazama upande mwingine, mtu atainuka, ataingia garini, atakuja kusimama barabarani, itakuwa kazi ya nusu saa. Haiendi hivyo. Majaji wa rufaa hawaji shambani, wanasoma kumbukumbu, na kumbukumbu haikusema hakimu alitazama wapi, ilisema tu kwamba alisimama kwenye eneo, akaona, na kwamba mdai mwenyewe alipoulizwa hakuwa na la nyongeza. Tarehe 26 Julai 2012 jaji alisema kwamba aliyeona kwa macho ni hakimu, yeye hakuona, na hana sababu ya kumtilia shaka aliyeona. Baba hakumlaumu. Alisema kwamba angekuwa yeye ni yule jaji, na mbele yake kuna karatasi ile tu, angeandika vivyo hivyo, na hilo ndilo lililotuumiza kuliko yote, kwamba hata yeye hakuweza kuona mahali ambapo mtu angeshika.

Ilibaki mahakama ya mwisho, na huko aliambiwa mlangoni kabisa kwamba mahakama mbili za chini zikishakubaliana juu ya jambo lililotokea, ile ya tatu hailigusi, labda ionyeshwe kwamba ushahidi ulieleweka visivyo kabisa. Baba alisema, "Basi nitaonyesha," na katika kusubiri, aliposikia kwamba Bwana Greda anataka kujenga banda uwanjani pale, aliomba amri ya zuio kulilinda kaburi, akaiandika kwa uangalifu wa mtu anayejua maneno yanavyochomoka, na akaipata tarehe 5 Novemba 2012, ikisema kwamba mpaka rufaa iamuliwe, katika uwanja ule pasijengwe, pasichimbwe, pasifukiwe chochote na upande wowote. Siku hiyo alirudi anapiga mluzi. Alitoa nakala tatu, moja akaibandika nyuma ya mlango wa chumba chake.

Miaka sita ikapita. Aliisoma ile kumbukumbu mpaka karatasi zikalainika, sisi tuliisoma, wajukuu wakubwa waliisoma, na hakuna aliyeona kitu. Rufaa ilisikilizwa Jumatano, tarehe 17 Oktoba 2018, mbele ya majaji watatu, baba akiwa amesimama kwa kushikilia meza, anahema, na alipofika sababu ya tisa jaji aliyekaa katikati, mama wa makamo mwenye miwani, alimnyamazisha kwa mkono, akarudi ukurasa wa arobaini na moja, akasoma mstari uliosema kwamba msafara wa mahakama ulivuka kijito kwa daraja la mbao saa nne na dakika ishirini asubuhi. Akauliza, "Mzee, kijito hicho kiko upande gani wa viwanja?" Baba akasema, "Chini, mheshimiwa." Akauliza, "Na barabara?" Baba akasema, "Juu." Jaji akatazamana na wenzake, akaandika kwa muda mrefu, maana aliyeingia kwa daraja alihesabu mashimo akiwa ametazama barabara, si kijito.

Mstari ule haukuwa na kazi yoyote. Hakimu aliuandika kwa mazoea, na baba alituambia njiani, tukirudi, kwamba kama ingekuwa yeye ndiye anapiga chapa angeuruka, maana siku zote aliruka mambo ya madaraja na saa za kufika ili kupunguza karatasi, na ndiyo sababu macho yake yaliupita mara mia bila kuuona. Uliwekwa na binti aliyefundishwa asipunguze hata neno moja. Baba alicheka mpaka akakohoa, kisha akashika mkono wa huyu anayesoma, akasema kwamba siku ile hakukosea kuwapitisha darajani, na huyu anayesoma alilia ndani ya gari mbele ya dereva asiyemjua. Majaji walisema hukumu itasomwa kwa taarifa, yaani siku yake italetwa kwa barua. Baba akaanza kusubiri barua.

Ugonjwa wake, ambao ni moyo kutanuka, uligunduliwa Machi 2016, akahudhuria kliniki kila mwezi bila kukosa, lakini kuanzia Desemba 2018 miguu ilivimba, akawa analala ameketi, na tarehe 28 Januari 2019 alilazwa wodi ya wanaume, kitanda cha nane. Kila aliyekwenda kumwona alimwuliza swali moja, kama barua imekuja, na kila mmoja wetu alijibu bado, mpaka ikafika mahali tunaona aibu kuingia wodini. Alifariki Jumapili, tarehe 3 Februari 2019, saa tano na dakika arobaini asubuhi, akiwa na umri wa miaka sabini na moja, miezi kumi na siku ishirini na tano. Barua ililetwa Jumatatu, tarehe 4, saa tatu asubuhi, ikisema kwamba hukumu itasomwa Ijumaa, tarehe 22 Februari.

Wengi wenu mmetuuliza, na wengine mmeuliza pembeni, kwa nini tunamzika hapa, kwenye makaburi ya manispaa, na si kule uwanjani kwake. Tunajibu hapa ili tusiulizwe tena. Amri aliyoiomba yeye mwenyewe inasema pasichimbwe na upande wowote, na kaburi huchimbwa. Jumatatu ile ile tulikwenda masijala kuomba amri ilegezwe kwa saa mbili tu, tukaambiwa kwa upole kwamba maombi huletwa na mwenye rufaa, tukasema mwenye rufaa ndiye huyo maiti, tukaambiwa basi apatikane msimamizi wa mirathi yake ndiye aombe, na msimamizi hapatikani mpaka tangazo likae siku thelathini. Bwana Greda alikuja nyumbani kabla hatujamwita, akavua kofia, akasema, "Ningekuwa na ruhusa ya kuwapa ningewapa, wanangu, lakini amri si yangu." Alikwenda na kaka yetu mpaka kwa wakili wake, na wakili akasema atakayepiga jembe pale, awe nani, atakuwa amedharau mahakama. Watu wote tuliowaendea walituonea huruma, na wote walikuwa sahihi.

Tungeweza kusubiri tarehe 22, siku kumi na tano tu kuanzia leo. Lakini katika bahasha aliyoiacha, nakala tatu, baba ameandika kwamba asikae chumba cha maiti zaidi ya siku nne kwa sababu ya hukumu yoyote ile, kwa kuwa amesubiri vya kutosha, na ameweka sahihi. Tulikaa usiku kucha na karatasi ile, watoto wake watatu, tukitafuta kama kuna neno la kushika. Anaandika vizuri mno baba yetu.

Kwa hiyo leo, Alhamisi, tarehe 7 Februari 2019, tunamweka hapa, safu ya D, namba 316, na upande wake wa kushoto amelala mtu tusiyemjua. Hukumu ikisema ardhi ni yake, upande ule wa saruji utakuwa wake tena, na kumhamisha kutahitaji kibali kingine, kwa maombi mengine. Ikisema si yake, basi mama amelala kwa jirani na baba amelala kwa wageni. Tarehe 22 tutakwenda wote kusikiliza.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi wa wodi ya wanaume, hasa muuguzi wa zamu ya asubuhi aliyekubali kumsomea kumbukumbu ya kesi alipokuwa hawezi kushika karatasi, inawashukuru wafanyakazi wa mahakama, wa zamani na wa sasa, inawashukuru majirani, inamshukuru Bwana Greda kwa viti vyote hivi mlivyokalia na kwa kuondoa uzio asubuhi ya leo, mwenyewe, kwa mikono yake, ili jeneza lipite karibu na mama kabla ya kuja huku, maana kupita hakukukatazwa. Inamshukuru mpiga chapa mkuu, aliyeipiga historia hii jana, nakala tatu, moja itakayozikwa na baba, moja ya familia, na moja ya kwenye faili.

Kabla hatujafunga, kwa kuwa hizi sasa ni kumbukumbu, na hatutaki lirudi kosa la ile ya mahakama, tunauliza mbele ya marehemu kama katika tarehe hizi, au mahali, au jambo lolote lililosomwa, kuna mtu ameona kalamu imeteleza, na asiogope, asisubiri kuulizwa mara ya pili, wala asidhani yuko mwingine atakayekuja kusahihisha baada yake. Tutanyamaza kidogo, aseme.

Baba, pumzika kwa amani hapa tulipoweza kukuweka.